Mstari wa Chai Uliozunguka Kibuyu

Harufu ya kijiti cha mti wa senetwet kilichochomwa kikawa kaa, kisha kikasuguliwa ndani ya kibuyu kikavu, haifanani na harufu nyingine yoyote ninayoijua. Si moshi tu, maana moshi tuliujua wa kila namna: wa kuni mbichi, wa mabua, wa magunzi ya mahindi. Hii ilikuwa na ukali kidogo wa dawa na utamu kidogo wa maziwa ya jana. Ilipotoka jikoni kwa Kogo, kama tunavyomwita nyanya kwetu, mama wa baba yangu, ikakutana na harufu ya majani ya chai yanayokaushwa kiwandani ng'ambo ya bonde, kilima chetu chote kilinukia kama chungu kilichofunuliwa. Tulikaa juu kidogo ya Kimulot, mahali ambapo ukungu hutoka katika msitu wa Mau kila asubuhi na kuteremka taratibu hadi mtoni. Nilipokuwa msichana mdogo niliamini kwamba ukungu ule ni pumzi ya Mungu akiwa usingizini. Tangu hapo nimewafundisha watoto wengi kanisani kwamba Mungu halali, na bado asubuhi zingine nikifungua mlango hunijia tena imani ile ya kwanza, nami huiacha ikae kidogo kabla ya kuanza sala.

Msimu ninaotaka kuuelezea ni ule ambao baba yangu aliamua kupanda chai kwenye ardhi yetu yote. Alikuwa amekwisha kujenga nyumba ya mabati, ya kwanza katika ukoo wetu, na jiko likawekwa mbali nayo ili moshi usichafue kuta. Sisi watoto tuliifurahia nyumba ile kupita kiasi, hasa mvua ilipopiga juu yake hata tusisikiane. Lakini Kogo alikuwa amezoea kuhifadhi mbegu zake za vibuyu darini, juu ya moto, ambapo moshi ulizikausha na kufukuza kila mdudu. Katika nyumba mpya hakukuwa na moshi. Alizifunga kwenye kitambaa, akazitundika kwenye boriti, na alipozishusha mvua za vuli zilipokaribia, akakuta maganda matupu na kinyesi cha panya. Mbegu zile alipewa na mama yake, naye mama yake alizipata kwa mama yake, na hakuna mtu kilimani aliyekumbuka zilikoanzia. Vibuyu vyake viwili vilivyobaki vilikuwa vimepasuka shingoni na kushonwa kwa ngozi, na maziwa yalivuja. Sikumwona akilia. Alikunja kile kitambaa vizuri, akakiweka mfukoni, akaenda kukama.

Halafu mvua ikanyesha, na katika boma la zamani la ng'ombe, lililobaki tupu baada ya baba kuuza ng'ombe wote isipokuwa mmoja, ukachipuka mmea. Ulitokea kwenye samadi, karibu na pale Kogo alipokuwa akimwaga maji ya kuoshea vyombo. Mimi ndiye niliyeuona kwanza, nikadhani ni malenge. Kogo alichutama, akaponda ukingo wa jani kwa kucha, akanusa vidole vyake. Akakaa pale pale chini, juu ya samadi, miguu ikiwa imenyooka mbele yake kama ya mtoto. Kisha akaniambia ni kibuyu, nilete miiba mikavu tuuzungushie, kwa sababu mbuzi wa jirani hawakuwa na adabu.

Sijawahi kuona kiumbe chenye haraka kama mmea ule. Leo ulikuwa chini, baada ya muda mfupi ulikuwa umeshika nguzo ya ua kwa vijikamba vyake vilivyojisokota, na ukapanda juu bila mtu kuuelekeza. Maua yake yalikuwa meupe, laini kama karatasi ya kufungia mkate, nayo yalifunguka jioni, wakati maua mengine yanafunga kazi. Mengi yalianguka. Matunda mengine yalianza, yakawa ya njano, yakaoza. Likabaki tunda moja tu, dogo kama kidole gumba, lenye manyoya mororo, likining'inia upande wa ndani wa ua. Siku nilipoliona nilinyoosha kidole kumwonyesha Kogo, naye akaudaka mkono wangu kabla sijamaliza, akakikunja kidole kirudi kwenye kiganja. Tunda changa halionyeshwi kwa kidole, alisema, litaanguka. Ukitaka kulionyesha, funga ngumi, ulielekezee ngumi. Nilipomweleza baba jioni, alitabasamu kwa subira. Yeye alikuwa mwalimu wa kanisa, na alisema hayo ni mambo ya giza, kidole hakina nguvu yoyote juu ya tunda. Niligundua hata hivyo kwamba yeye mwenyewe, alipopita karibu na ua ule, aliweka mikono mfukoni.

Kogo alililea tunda lile kama mtu anavyolea mtoto mchanga. Lilipofikia ukubwa wa ngumi alilifunga utepe wa gome la mti pale alipotaka shingo iwe nyembamba, kwa wepesi ambao sikuwahi kuuona mikononi mwake alipofanya kazi nyingine. Alililegezea utepe kila lilipokua. Alihakikisha linaning'inia wima lisije likapinda tumbo. Nilisimama naye pale asubuhi nyingi kabla ya shule, umande ukiwa bado kwenye manyoya yake, nikiliangalia likijaza umbo lake siku baada ya siku, mabega, kisha tumbo, kisha kitako cha mviringo. Tulikuwa na vikombe vya bati nyumbani, na sufuria, na nilijua vyote vilitengenezwa mahali fulani na watu fulani. Lakini hiki kilikuwa chombo kinachojitengeneza chenyewe kutoka kwa maji ya mvua na samadi, kwa ajili ya maziwa ambayo bado yalikuwa nyasi. Nilishikwa na hofu, ile hofu nzuri inayomshika mtu akiingia kanisani peke yake.

Tatizo lilikuwa chai. Kibuyu hakikatwi kikiwa kibichi, kikikatwa hunyauka na kuoza. Lazima kikae kwenye mmea wake mpaka kikonyo kikauke na kuwa kama kijiti, na hilo halina njia ya mkato. Miche ya chai nayo haingoji. Baba alikuwa ameiagiza kutoka kitaluni upande wa Kapkatet, na mvua za masika zilipoanza ililetwa, imepangwa ndani ya karatasi zake nyeusi za nailoni, chini ya kivuli cha migomba. Mashimo yalichimbwa kutoka juu ya kilima kuja chini, mstari kwa mstari, na kila jioni mistari ilikaribia boma la zamani. Udongo wa boma ndio uliokuwa bora kuliko wote. Kikonyo cha kibuyu kilikuwa bado kijani kabisa.

Baba hakuwa mtu mkatili. Chai ile ndiyo ingetusomesha, na ndiyo iliyotusomesha kweli. Alimwambia mama yake kwa heshima kwamba angemnunulia jagi la plastiki dukani Silibwet, lenye kifuniko, ambalo halipasuki wala halitaki kuchomwa na vijiti. Kogo alimshukuru. Jioni ile, zamu yake ya kuomba ilipofika, aliomba kwa ajili ya wagonjwa, kwa ajili ya wasafiri, kwa ajili ya chai ya mwanawe ishike mizizi, kisha akamshukuru Mungu kwa kirefu kwa ajili ya kibuyu, akitaja shingo yake na tumbo lake na kikonyo chake ambacho Bwana mwenyewe alijua kilikuwa kibichi. Nilifungua jicho moja. Baba naye alikuwa amefungua moja. Tuliangaliana, tukayafumba haraka.

Asubuhi mistari ilipofika ua wa boma, alikuja bwana shamba, afisa aliyewasimamia wakulima wa chai katika eneo letu. Alikuwa mwanamume mrefu kutoka upande wa Mlima Kenya, mwenye buti za mpira na kofia iliyobonyea, na sifa yake kilimani ilikuwa moja tu: hakupenda mistari iliyopinda. Inasemekana aliwahi kumwambia mkulima mmoja ang'oe shamba zima apande upya. Alipofika alinyoosha kamba yake kutoka kigingi hadi kigingi, akafuata mteremko, na kamba ikapita katikati kabisa ya mmea wa Kogo. Baba alisimama kando, kofia mkononi. Kogo alikuwa ameketi kwenye kigogo karibu na ua akichambua mboga, na hakuinua macho. Nilisimama nyuma yake nikashika shuka yake.

"Hapa panatoka ua wote," bwana shamba alimwambia baba, "na hiki nacho kinatoka." Akainua mkono kuonyesha kile alichokuwa akikisema.

Mkono ulioinuka ulikuwa umefunga ngumi.

Kogo aliacha kuchambua. Baba aliuangalia ule mkono. Bwana shamba mwenyewe aliuangalia, ukiwa bado hewani, kana kwamba umefika pale bila yeye kuutuma.

"Ni nani alikufundisha kufunga mkono?" Kogo akauliza.

"Mama yangu, shosho," alijibu, akimwita nyanya kwa neno la kwao, na sauti yake ikawa ya mtu mdogo zaidi. "Alinichapa na mwiko. Nilikuwa nimeonyesha kibuyu chake kwa kidole, na kesho yake kikaanguka."

"Kwa hiyo ulilelewa," Kogo alisema. "Nilidhani wewe umezaliwa na kamba mkononi."

Bwana shamba alicheka, na baba akacheka kwa woga. Kisha yule mtu akasogea mpaka kwenye ua, akachutama chini ya kibuyu bila kukigusa, akakitazama kikonyo. Aliposimama, aling'oa kigingi mwenyewe, akakisogeza, akang'oa cha pili akakisogeza, na kamba ikajikunja kuzunguka boma kama mto unavyozunguka jiwe. Baba alimuuliza, kwa sauti ya chini, ofisi itasema nini. Bwana shamba alisema ofisi haitembei huku mvua ikinyesha, na kwamba chai haitajua kama imepinda.

Basi kibuyu kikabaki. Mvua kubwa ilipokuja Kogo alikifunika kwa majani ya mgomba, jua lilipotoka alikifunua. Manyoya yalipukutika, ngozi ikawa ngumu, kikonyo kikawa cha njano, kisha cha kahawia. Mwishowe, asubuhi moja, alikigonga kwa kifundo cha kidole na kikajibu kwa sauti ya mlango. Aliniita nigonge na mimi. Alikata mdomo wake kwa kisu kilichopashwa moto, polepole sana, akajaza maji ili vilivyo ndani vioze, na baada ya siku nyingi za harufu mbaya tulizimwaga mbegu kwenye ungo, nyeupe zenye ncha, kama meno. Maziwa ya kwanza yalikuwa machungu akampa mbwa, na mbwa akasita. Alisugua tena kwa sosiot, ule ufagio mdogo wa ubavu wa kuti, akasiliba kaa la senetwet, akajaribu tena. Mursik, maziwa yetu ya mgando, iliyonyweka hatimaye, nzito, yenye michirizi ya kijivu, alimkaribisha nayo bwana shamba alipokuja kukagua miche. Alikunywa akiwa amesimama, akavua kofia kabla hajamaliza.

Mbegu hakuziweka nyumbani zote. Aligawa kwa kila jirani aliyezitaka, na nyingine akamfungia bwana shamba katika kile kitambaa kilekile ampelekee mama yake. Baba alipomuuliza kwa nini hajiwekei akiba ya kutosha, alisema panya hawawezi kuingia nyumba zote. Miaka mingi baadaye, Kogo akiwa amelala chini ya udongo wa kilima kile, mbegu za nyumbani kwetu zilipotea tena, nami nikazipata kwa mjukuu wa mama mmoja aliyewahi kuwa jirani yetu, ambaye alihamia Kapkatet na kuendelea kuzipanda bila kuacha. Nilipopewa zile mbegu niliomba tupige magoti.

Leo kilima chote ni chai. Sina ugomvi nayo, maana imenilisha na imewasomesha wanangu, na asubuhi ya ukungu hakuna kijani kinachonituliza kama kile. Mursik yenyewe naiona barabarani kwenye chupa za plastiki, na vijana wanaoinunua hawajui kwamba kilikuwako chombo kilichoota. Lakini mstari ule ulibaki ulivyopandwa. Mashina yake sasa ni manene kama mapaja, yamekatwa na kuchipua tena na tena, na wachumaji wakifika pale hulalamika kwamba vikapu vinakwama kwenye kona. Katikati ya kona kuna nafasi ndogo ya udongo mweusi ambayo baba hakuijaza chai hata baada ya mama yake kufa. Sikuwahi kumsikia akiieleza. Kila mwaka napanda hapo mbegu yangu.

Mwaka huu mjukuu wangu alikuja kutoka Nairobi, msichana mwerevu anayepiga picha kila kitu, akaniuliza kwa nini hiyo laini imepinda wakati zingine zote zimenyooka. Nilimpeleka mpaka kwenye nguzo. Lilikuwako tunda moja, lenye manyoya, dogo kama kidole gumba. Naamini kama baba kwamba kidole hakina nguvu juu yake. Naamini pia kwamba mbele ya kitu ambacho Mungu hajamaliza kukifanya, mkono wa mtu unapendeza ukiwa umefungwa. Nilimwonyesha tunda kwa ngumi, na mtoto akacheka, akaniuliza, "Kogo, unataka kulipiga?" Nikamwambia atazame tu. Alitazama. Alisahau simu. Baada ya muda akaona jingine nyuma ya jani, ambalo macho yangu yalikuwa yamelipita, akainua mkono haraka anionyeshe, kidole kikiwa kimenyooka. Kisha, bila mimi kusema neno, akakikunja.