Meza ya Bwana na Viboko wa Kihoto

Mwaka wa 1976, nikiwa na miaka kumi na sita, baba alikufa nikaacha shule darasa la sita. Shida zangu zilianzia hapo. Nililima vibarua vya mahindi Rongai miaka mingi, Jumapili nikiimba kwaya, mpaka kasisi wa pale akachoka na maswali yangu.

"Wewe kijana, unajua kusoma?"

"Biblia tu, Pasta."

"Inatosha. Kesho utazika."

Hiyo ndiyo siku yangu ya kwanza kazini. Nilikuwa mwinjilisti, yaani mtu wa kufanya kazi yote ya kasisi isipokuwa kubariki mkate na divai. Mvua, matope, na jeneza limekataa kuingia kaburini kwa sababu wachimbaji walipima kwa macho. Nyinyi vijana wenye digrii za theolojia mnaniuliza nilifundishwa wapi. Pale, kwa shimo.

Nilipanda polepole. Nikawa shemasi, ambaye ni kama kasisi wa nusu, halafu kasisi kamili. Kila Januari Askofu anapanga makasisi kama viazi kwa gunia: nikapelekwa Dundori, nikarudishwa Rongai, mwishowe Kihoto, kule Naivasha.

Kihoto nilikuta ziwa linapanda. Maji yakaingia kanisani mpaka magotini. Nikawaambia Wakristo twende tuabudu kwa darasa la shule kule juu. Wakakataa! Ati Meza ya Bwana, ile ya mkate na divai, iko huku. Meza yenyewe ni ya mbao, lakini Askofu aliiweka wakfu, na kwao haisogezwi mpaka yeye mwenyewe aje aiombee. Basi watu wazima wanashiriki wamekunja suruali, na viboko wanalala nyuma ya ukuta.

Aliyenimaliza kabisa ni Mama Nyokabi, mjane aliyetunza hiyo meza. Kila asubuhi anaingia majini peke yake kwenda kuifuta.

"Mama, huyo mnyama atakukata vipande viwili."

"Kwani niache vumbi kwa meza ya Bwana?"

"Vumbi gani, Mama? Meza iko ndani ya maji!"

Nikampigia simu Shemasi Mkuu, msimamizi wetu makasisi wa upande ule.

"Subiri Askofu arudi safari," akasema. "Kuna ibada yake."

"Na kiboko naye asubiri?"

"Usinijibu hivyo. Utaratibu ni utaratibu."

Nikasubiri, mjinga mimi. Asubuhi moja nikasikia mayowe. Nikakuta Mama Nyokabi amepanda juu ya benchi, kitambaa mkononi, na kiboko amejaza mlango wote. Tulimtoa kwa dirisha la nyuma, akinigombeza kwamba nimemwangushia kitambaa.

Kiboko aliporudi ziwani niliita wazee wa kanisa tubebe meza. Wakaangaliana.

"Pasta, hii mikono yetu si ya wakfu," akasema mmoja, fundi wa kuchomelea mageti.

"Na kichwa changu je?"

Nikafunga kanzu kiunoni, nikaiinua meza, nikajitwika kichwani, nikashika njia ya shule. Kufika barabarani nageuka, naona kanisa zima linanifuata, Mama Nyokabi mbele: "Polepole, Pasta, utaigonga!"

Shemasi Mkuu alikuja siku iyo hiyo. "Umevunja utaratibu."

"Nimevunja. Lakini nani ameliwa?"

Alitangaza kwamba meza ile si takatifu tena, ikatengenezwa mpya, na Januari nikarudishwa Dundori nimalizie miaka yangu. Ile ya zamani hakuna aliyeitaka. Nikaipakia kwa pikapu pamoja na kuku wangu.

Sasa nimestaafu, na vijana wanataka kujua kasisi huishia na nini. Nina nusu ekari ya viazi hapa Dundori, ng'ombe mmoja wa maziwa, nyumba ya mbao ya vyumba vitatu, kanzu mbili, redio, na meza yenye alama ya maji miguuni. Mama Nyokabi akija kumwona bintiye aliyeolewa huku, lazima apitie kwangu. Hakubali kikombe kiwekwe juu ya hiyo meza kabla hajaifuta, pembe zote nne, bila haraka. Nimemwambia mpaka nimechoka. Chai yangu inapoa kila mara.