Mkurugenzi Mpagazi

Nimekuwa mtumishi wa umma maisha yangu yote ya kazi, na sioni haya kusema niliifanya kazi hiyo vizuri. Wenzangu wakistaafu hupenda kujishusha. Utawasikia wakisema, ah, tulijitahidi tu, Mungu alisaidia. Mungu alisaidia kweli, lakini madokezo nilikuwa nayaandika mimi. Nilianza nikiwa karani wa masijala, kwenye chumba cha majalada, vumbi mpaka puani. Nilimaliza nikiwa mkurugenzi wa idara wizarani, na dereva, na katibu muhtasi wa kuwaambia watu wasubiri. Hakuna shangazi wala mjomba aliyenishika mkono njiani. Kama hayo ni majivuno, basi najivuna.

Nilizaliwa Kariakoo, kwenye nyumba ya Kiswahili yenye ukumbi mrefu katikati na vyumba huku na huku, kila chumba na familia yake, na choo kimoja uani ambacho asubuhi kilikuwa na foleni. Baba alikuwa Mnyamwezi wa Tabora aliyekuja pwani kutafuta kazi, akapata ya ukuli bandarini. Alibeba magunia mpaka bega lake la kulia likashuka kuliko la kushoto, na mimi nilisoma kwa bega hilo. Watoto wa mtaani wakitaka kuniudhi waliniita mtoto wa kuli. Niliwapiga. Mkono wangu ulikuwa mwepesi, na mama alichoka kuletewa mashtaka. Baba hakuwahi kunichapa kwa hilo. Aliniambia tu kwamba ukuli ni kazi, na kwamba mtu anayeaibika kwa kubeba mzigo aulizwe anakula nini.

Serikali ilinituma mikoani kwanza, kama inavyowatuma wote. Nilikaa wilaya za baridi na wilaya za mbu. Katika wilaya moja niliyopelekwa kuwa mkuu wa ofisi, nilifika mapema siku ya kwanza, nikavua viatu vilivyokuwa vinanibana, nikawa napanga majalada kwenye kabati. Akaingia mzee mmoja na kofia yake mkononi. "Mama, bosi yupo?" Nikamwambia yupo, asubiri kidogo anavaa viatu. Nikavaa viatu, nikazunguka meza, nikakaa kwenye kiti. "Shikamoo mzee, karibu." Yule mzee alicheka mpaka akasahau kilichomleta, na tangu siku hiyo kila aliyekuja ofisini kwangu alitanguliza kuuliza kama nimeshavaa viatu. Wilaya nzima ilinitania, na mimi nilifanya nayo kazi vizuri kuliko wote walionitangulia. Waulizeni wenyewe.

Nilirudi Dar nikiwa mkurugenzi, kwenye idara iliyoshughulika na barabara na mitaro ya miji. Ofisi yangu ilikuwa karibu na Kivukoni, ghorofani, na dirisha lilitazama maji. Wageni walilisifia sana dirisha hilo. Mimi nilikuwa nikitazama maji nawaza maji mengine, yale ya mtaani kwetu.

Kwetu masika yalikuwa adhabu. Mtaro wa zamani ulikuwa umejaa mchanga na takataka, na juu yake wafanyabiashara walikuwa wamepanga meza zao, meza kwa meza, hata huwezi kujua kama chini kuna mtaro. Mvua ikinyesha, maji machafu yaliingia majumbani kwa mlango wa mbele na kutokea uani. Masika ya mwaka uliotangulia, dada mmoja wa nyumba ya jirani alijifungua juu ya meza ya chakula, kwa sababu sakafu nzima ilikuwa maji ya choo, na gari la kumpeleka hospitali halikuweza kufika. Mtoto alipona. Lakini nilikwenda kumwona yule dada, nikamkuta amemkumbatia mwanawe ameipa sakafu mgongo, nikajua kwamba kama masika mengine yatakuja na mtaro haujajengwa, nitakuwa nimekalia kiti bure.

Fedha zilipatikana. Mkandarasi akapatikana. Zikabaki meza. Ili mkandarasi achimbe, wafanyabiashara walitakiwa kuhamia mtaa wa pili kwa muda, kisha warudi. Hawakutaka. Walishawahi kuambiwa "kwa muda" na watu wengine waliopita kabla yangu, na huo muda haukuwahi kwisha. Mkandarasi akaanza kunung'unika kwamba mitambo yake imelala, ataipeleka kwingine. Mawingu nayo yalianza kukusanyika upande wa bahari. Kikaoni wenzangu wakasema dawa ni tingatinga na mgambo, alfajiri moja tu, kazi imekwisha. Nilisema hapana. Nilisema kwa sauti kubwa, na pengine niligonga na meza. Meza zile ni za watu niliokua nao. Na mtu ukimvunjia meza leo, kesho ataujaza mtaro wako matofali kwa hasira, nami ningekuwa wa kwanza kumwelewa. Katibu Mkuu akanitazama juu ya miwani yake. "Haya, Mkurugenzi. Nenda ukaongee nao. Ukishindwa, mgambo wanaingia."

Nikaenda. Nilivaa suti yangu ya kijivu, na nilifuatana na bwana wa itifaki, mtu safi, mnyoofu, anayejua nani atangulie kuingia mlangoni na nani akae wapi. Tulipangiwa viti katikati ya mtaa. Nikaeleza mtaro, nikaeleza masika, nikaahidi kila mtu atarudi mahali pake. Watu walinisikiliza mikono vifuani. Nilisikia mmoja akisema nyuma, "Huyu naye kasomeshwa hayo hayo."

Ndipo akasimama bibi wa viungo. Huyu bibi kila mtu Kariakoo anamjua: Mzaramo, mfupi, mdomo hauna breki, anauza iliki na mdalasini na binzari kutoka kwenye sanduku la mbao lililokaa juu ya meza, mbele ya mlango wa nyumba yake. Alikuwa hajaniona tangu nilipokuwa binti, na sikutegemea anikumbuke.

"Shikamoo, bibi," nikasema.

"Marahaba. Wewe nani?"

Bwana wa itifaki akadakia. "Bibi, huyu ni Mkurugenzi kutoka wizarani."

"Hicho cheo. Mie nauliza kabila."

"Mnyamwezi," nikajibu.

Akapiga kofi moja kubwa, akageuka kuwatazama watu. "Jamani, mmesikia? Mpagazi! Babu zake walikuja pwani wamebeba pembe za ndovu za watu, miguu imepasuka, hawana hata kikoi cha kubadilisha. Babu zangu wakawapa uji. Leo mpagazi kavaa suti anakuja kunihamisha mie Mzaramo, mwenye mji! Wee mtumwa wangu, nani kakupa ruhusa ya kukaa kwenye kiti mie nimesimama?"

Bwana wa itifaki akageuka rangi. Yeye kwao ni mbali na mambo ya pwani, na kazi yake ilikuwa kulinda heshima ya ofisi. Aliyoyasikia yalikuwa matusi kwa kiongozi, hadharani, mchana kweupe. Akamwita askari tuliyekuja naye. "Mchukue huyu mama. Anamkashifu Mkurugenzi." Askari naye, bila kufikiri, akamshika bibi mkono.

Mtaa ukanyamaza. Kariakoo hainyamazi, hata saa za sala utasikia mtu ananadi soksi, lakini pale ilinyamaza. Niliona vijana wa mikokoteni wakiacha mikokoteni yao na kusogea. Niliona mikono ikitoka vifuani. Nikajua baada ya hapo hakutakuwa na mazungumzo tena, kutakuwa na mawe, kisha mgambo, kisha mvua.

Nikainuka kwenye kiti kama niliyechomwa. "Mwache! Mwache mara moja! Huyo ni mtani wangu!"

Askari akaachia. Bwana wa itifaki akanitazama kama nimerukwa na akili. Nami nikamgeukia bibi, kwa sababu utani ukishaanzishwa haukatwi katikati, na Mnyamwezi hawezi kumnunia Mzaramo hata akitaka. "Mwenye mji gani wewe? Mji mmeuuza kiwanja kwa kiwanja mpate hela ya kuchezea ngoma! Uji wenyewe mliowapa babu zangu ulikuwa wa maji. Na tangu siku hiyo hamjafanya kazi nyingine, mnasubiri Mnyamwezi aje awachimbie hata mtaro!"

Kicheko kilichotoka hapo kilitoka kwenye vibaraza, kwenye madirisha ya ghorofani, kwenye maduka ya Waarabu ya kitambaa. Bibi mwenyewe alicheka mpaka akashika kiuno. Alipomaliza, akafuta macho, akaninyooshea kidole.

"Haya. Kama Mnyamwezi kweli, si wa kwenye karatasi, fanya kazi ya kwenu." Akaonyesha sanduku lake. "Beba."

Sikufikiri sana. Ningefikiri, ningekumbuka cheo. Nilivua viatu, nikavua koti nikamkabidhi bwana wa itifaki, ambaye alilipokea kwa mikono miwili kama amepewa mtoto wa watu. Nikaomba kanga. Mama muuza maandazi akafungua ya kiunoni kwake, nikaisokota, nikatengeneza kata, nikaiweka kichwani.

"Nitwisheni," nikasema.

Wakanitwisha. Sanduku lile lilikuwa zito, sijui alikuwa anauza viungo au mawe. Shingo ikalia. Kwa muda kidogo nilidhani nitaanguka mbele ya umma na hapo ndipo utumishi wangu utakapokuwa umefia. Kisha miguu ikapata mwendo wake. Lami ilikuwa ya moto. Nilikwenda polepole, mgongo wima, mkono mmoja juu, kutoka mtaa wetu mpaka mtaa wa pili, na nyuma yangu bibi na kigoda chake akipaza sauti, "Pisheni, pisheni, serikali inapita!" Wanawake wakapiga vigelegele. Baba yangu alishafariki wakati huo. Nilimuwaza njia nzima, na nakiri nilitamani sana awe amekaa mahali fulani barazani anione, binti yake, mkurugenzi, na mzigo kichwani.

Nilipotuliwa na kugeuka, nyuma ya bibi kulikuwa na muuza mitumba amebeba meza yake. Nyuma yake muuza sufuria. Nyuma yao mtaa. Hakuna aliyewaamuru. Bibi alikuwa amehama na amebebewa sanduku na mtani wake mbele ya watu wote, na ahadi ya mtani aliyejitwisha mzigo ina uzito ambao sahihi yangu haikuwa nao. Kabla ya adhuhuri mtaro ulikuwa wazi, na bwana wa itifaki, nimpe haki yake, alikuwa amekunja mikono ya shati anasaidia kusukuma mkokoteni.

Bila shaka picha ilinitangulia kufika wizarani. Ilizunguka kwenye simu za watumishi siku hiyo hiyo: mkurugenzi pekupeku, sanduku kichwani. Katibu Mkuu akaniita. Hakunipa kiti.

"Mkurugenzi habebei mtu mzigo," akasema. "Umeivua ofisi nguo."

"Ofisi iko palepale, Katibu Mkuu. Na meza zimehama."

"Unajua jina lako lilikuwa linatajwa kwa nafasi ya juu zaidi?"

Nilikuwa najua. Nilikuwa naitaka nafasi hiyo, sitasema uongo. Nilimwambia kwamba kama wataniona sifai kwa sababu ya picha ile, basi waiambatishe kwenye jalada langu, ikae juu kabisa. Nafasi alipewa mtu mwingine, mtu mzuri tu. Sijui kama ni kwa ajili ya sanduku. Niliumia, nikaumia kweli, kwa wiki kadhaa nilikuwa sisemeki nyumbani. Lakini kila jioni nilipitia Kariakoo kutazama mtaro. Nilimsumbua mkandarasi mpaka akawa akiliona gari langu anakimbilia kofia yake ngumu. Ulikamilika, ukafunikwa kwa zege, na meza zikarudi juu yake, kila moja mahali pake.

Mvua kubwa ilipokuja nilikuwa Dodoma, kwenye kikao cha menejimenti. Huko jua lilikuwa linawaka. Nilikuwa nimesoma utabiri tangu jana yake na sikuweza kunywa hata chai. Wakurugenzi wenzangu walikuwa wanajadili bajeti ya matairi, mimi nilikuwa naitazama simu chini ya meza kama mwanafunzi. Ukaingia ujumbe wa sauti, umetumwa kwa simu ya mjukuu wa bibi wa viungo. Nikauweka sikioni.

Nilisikia mvua kwanza, ile ya Dar, inayopiga bati kama inalidai. Kisha sauti yake. "Wee mpagazi! Inanyesha tangu alfajiri. Maji yanapita huko chini yanavuma, mlangoni kwangu hayajabisha hodi. Tumelala. Mtaa mzima tumelala mpaka saa hizi, mie ndo naamka. Haya, kazi njema, mtumwa wangu."

Machozi yalinitoka pale pale, mbele ya menejimenti yote, na sikuyafuta. Kikao kikasimama. Katibu Mkuu akavua miwani.

"Mkurugenzi, vipi? Kuna msiba nyumbani?"

"Hapana," nikasema. "Mvua inanyesha Kariakoo."