Kumpisha Idarusi

Pale Mabawa kila mtu humwita Bingwa. Vijana wa bodaboda wakipita mbele ya kibaraza chake hupunguza mwendo na kumwamkia, "Shikamoo, Bingwa," naye huitikia marahaba bila kugeuza shingo, kwa kuwa macho yake siku hizi hayamwonyeshi zaidi ya vivuli na rangi. Ukiwauliza vijana hao ni bingwa wa nini, mmoja atasema ndondi, wa pili atasema bao, na wa tatu atakwambia hilo ni jina tu kama majina mengine. Jina lake ni Laurenti. Alikuwa bingwa wa mbio za magari, na hakuna ubao wala jiwe katika mji wetu linalosema hivyo. Tuna mitaa yenye majina ya watu waliopita Tanga kwa usiku mmoja. Aliyezaliwa hapa, akakimbia hapa na kushinda hapa, tumempa shikamoo.

Alizaliwa kambini, katika shamba la mkonge njia ya Muheza. Baba yake alikuwa Mnyamwezi, mmoja wa wale manamba walioletwa kwa gari moshi kukata mkonge kwa mkataba, na mkataba wake haukwisha mpaka alipokufa. Mtoto alibatizwa na mapadri, akasoma madarasa manne, akapanda lori. Kwanza alikuwa utingo, kisha dereva, na kazi ilikuwa kushusha masanduku ya chai kutoka Amani. Barabara ile inateremka msituni kwa kona zilizojikunja kama utumbo wa mbuzi. Dereva anayeitegemea breki hufika Muheza hana breki, au hafiki. Laurenti alijifunza kushuka kwa gia. Alisikiliza injini inavyolia, akajua mteremko umebaki kiasi gani kabla ya kuuona.

"Breki ni ya kusimamia," alikuwa akisema. "Si ya kuendeshea."

Mwanzoni mwa miaka ya sabini madereva na mafundi wa Tanga walianza kushindana Jumapili. Walipewa kipande cha shamba kilichoachwa, mkonge wake umekwisha kutoa milingoti ya maua na kufa, trekta ikachonga njia ya mviringo katika vumbi jekundu. Sharti lilikuwa moja: gari liwe la kawaida, lile lile linalofanya kazi barabarani siku nyingine. Laurenti alikuwa na Pijo aliyoinunua ikiwa imepinduka mtaroni, akainyoosha mwenyewe kwa nyundo. Jumamosi ilibeba machungwa ya Muheza mpaka sokoni. Jumapili asubuhi aling'oa viti vya nyuma, mkewe Bertha akafagia majani na maganda, na mchana gari lilikwenda kushindana likinuka machungwa.

Mwaka wa kwanza alimaliza katikati ya kundi. Mwaka uliofuata alishinda, na tangu hapo mpaka mbio zenyewe zilipokufa hakuona tena kisogo cha gari la mtu mwingine. Wenzake waliingia kona kwa breki, magurudumu yakateleza, vumbi likawala. Yeye aliteremsha gia, injini ikaguna, akatoka upande wa pili akiwa mbele. Watu walikuja kwa baiskeli na kwa miguu kutoka vijiji vyote vya jirani kumwona mtoto wa manamba akiwatimulia vumbi wenye maduka.

Wa pili baada yake, kila mara, alikuwa Idarusi.

Idarusi alikuwa Mzigua wa Pangani, dereva wa teksi, na aliendesha Kotina yake kwa mkono mmoja. Mkono wa pili ulishika kofia isipeperuke, kwa sababu hakukubali kuivua hata mashindanoni. Mbio za mwisho alikuwa nyuma ya Laurenti mpaka kona iliyo karibu na kiwanda cha kusagia mkonge, ambacho wafanyakazi hukiita korona. Hapo alichomoza ndani ya kona apite. Laurenti akaifunga njia. Kotina ikaingia katika mkonge, ikatoka na miiba kwenye rejeta, ikafika ya pili ikifuka moshi. Muda si mrefu mafuta yakaadimika nchini, magari ya watu binafsi yakakatazwa kutembea Jumapili alasiri, na mashindano yakaishia hapo. Hapakuwa na mbio nyingine za kusawazisha. Yakabaki maneno.

Na maneno yalipata pa kukaa, kwa kuwa Mzigua na Mnyamwezi ni watani. Mtani anakutukana na huna haki ya kukasirika. Anaingia jikoni kwako bila hodi. Na siku ya msiba wako yeye ndiye mwenye ruhusa ya kufanya yanayokatazwa wengine: kukucheka, kukuiga ulivyotembea na ulivyosema, kuzuia jeneza lisipite mpaka aridhike. Laurenti na Idarusi walikuwa wameahidiana jambo hilo. Atakayebaki atamzika mwenzake kwa kicheko.

Miaka ikaenda. Laurenti aliendesha basi, kisha teksi, kisha macho yakaanza kumsaliti akaacha. Pijo iliuzwa kama chuma chakavu, akabakiza usukani, akautundika ukutani juu ya kitanda. Bertha alifariki. Mwanawe Lucas yuko Mwanza, bintiye Devota yuko Songea, nao hupiga simu na kuongea kwa adabu kama watu walio ofisini. "Shikamoo baba, umekula? Dawa umemeza?" Jumuiya ya kanisani humletea salamu. Majirani humletea uji. Kila anayemkaribia huinamisha sauti, huuliza afya, huondoka. Mzee anaweza kufa kwa kiu katikati ya heshima namna hiyo.

Aliyemnywesha ni Idarusi peke yake. Kila asubuhi alikuja kwa fimbo kutoka mtaa wa pili, na hakuamkia. Alianzia kupayuka barabarani.

"Mpagazi, hujafa tu?"

"Nakungoja utangulie. Maana mbele hujawahi kupaona."

"Siku nikikupita utalia mbele za watu."

"Utanipita kwa hirizi ipi? Ile uliyoifunga kwenye Kotina ilikuwa ya baiskeli."

"Hirizi haikuwa na kosa. Ulinifungia njia."

"Njia ilikuwa yangu."

"Ilikuwa ya shamba. Babu zako walitembea toka Tabora mpaka pwani na pembe za ndovu kichwani. Wewe umepewa gari, bado unaendesha kama uliyebeba pembe. Hupishi mtu."

Kisha walikaa. Mara nyingi waliagana adhuhuri.

Asubuhi moja ya mwaka huu Laurenti aliketi kibarazani na jibu lake tayari, na fimbo haikusikika. Alisikia kipaza sauti cha msikiti kikikohoa. Kilitaja jina, kikataja la baba yake, kikasema maziko ni baada ya sala ya alasiri. Hakuna aliyekuja kumwambia. Walioijua habari walidhani mzee wa Kikristo mwenye macho mabovu ataambiwa na mwingine.

Aliingia ndani, akapapasa ukuta, akaushusha usukani.

Nyumba ya msiba ilikuwa imejaa. Watoto wa Idarusi walikuwa wamefika kutoka Dar es Salaam, na mkubwa wao, Uweso, alisimama mlangoni kupokea watu. Alikulia kwa mjomba wake huko huko Dar, na wa mtaani hapa hakuwajua.

"Shikamoo, mzee. Karibu sana."

"Marahaba. Poleni."

"Tumeshapoa. Hicho ulichobeba ni nini, mzee?"

"Usukani."

"Wa nini?"

"Wa kumzikia baba yako."

Uweso aliutazama, akamtazama mzee. "Samahani, sijaelewa."

"Mimi ni mtani wake. Nitazuia jeneza hapo nje kidogo, niseme yangu, kisha mtakwenda."

"Mzee, tunakuheshimu mno," Uweso alisema taratibu. "Lakini msiba huu hatutaki mzaha. Baba alikuwa mtu wa watu."

"Watu wenyewe ndio mimi."

"Nakuomba, mzee wangu. Njoo ukae kivulini."

Walimpa kiti chenye mikono wakati wengine wamekaa mkekani. Wakampa maji ya chupa, baridi. Kijana mmoja akauchukua usukani kwa adabu akauweka chini ya kiti, mzee asichoke. Laurenti aliketi. Angetukanwa, angejua la kujibu. Alisikia Yasini ikisomwa, akasikia vikombe, akasikia watu wakimsifu Idarusi kwa upole wake, ukimya wake, subira yake. Walikuwa wakimzika mtu mwingine. Idarusi mpole hakupata kumjua hata siku moja.

Alasiri ilikaribia. Jeneza likatolewa, limefunikwa shuka ya kijani, vijana wakalipandisha mabegani. Uani palikuwa kimya kabisa. Ndipo kutoka chumba cha wanawake ikasikika sauti ya Tausi, mjane, imekauka kwa kulia.

"Mbona kimya hivyo? Mume wangu hakuwa na mtani?"

Watu wazima walitazama chini.

Laurenti aliinama, akapapasa chini ya kiti, akainuka. Alijua lango liko wapi kwa mwanga wake. Alitembea mpaka katikati ya uwazi ule, akageuka, akapanua miguu, akaushika usukani kwa mkono mmoja. Mkono wa pili akauweka juu ya kichwa chake kana kwamba anazuia kofia isipeperuke. Akaanza kunguruma kwa koo, mngurumo mbovu unaokwamakwama, ule wa Kotina asubuhi ya baridi.

Mzee mmoja mkekani aliguna, kisha akashindwa, akacheka. Kicheko kikaruka kwa wengine. Ndani wanawake walicheka na kulia kwa pumzi moja. Uweso alikuwa amenyoosha mkono amshike, akauacha hewani.

"Mzigua," Laurenti alisema, "unakwenda wapi na haraka hiyo? Nusu karne unanifukuza hujanipata. Leo umepanda gari lisilo na injini, unasukumwa na watu, ndipo unataka kunipita?"

"Tupishe, mzee," mmoja wa wabebaji alisema, naye anacheka. "Sala inatungoja."

"Mwulizeni huyo mlalaji kama amewahi kuniona nampisha mtu."

"Hajawahi," ilijibu sauti ya Tausi kutoka ndani. "Alinisimulia mpaka nikachoka."

Watu wakacheka tena, kisha kicheko kikapungua chenyewe na kuisha. Jeneza lilikuwa hatua chache mbele yake. Hakuliona, aliona kijani tu. Alisikia vijana wakihema chini ya uzito. Mkono wa kichwani ukashuka, ukaushika usukani pamoja na mwenzake, na kwa mikono miwili akaukata polepole kushoto, kama dereva anayetoka barabarani. Akasogea mpaka ukingoni mwa mtaro, nguo yake ikagusa miiba ya ua.

"Pita," alisema. "Njia ni yako."

Wakapita. Shuka ikamgusa bega. Idarusi alikuwa amesema siku akimpita, mwenzake atalia mbele za watu, na alilia.

Siku zilizofuata watu wa Mabawa walizidi kumpenda. Habari za lango zilienea, na hata wale vijana wa bodaboda sasa wanajua ni bingwa wa nini, ingawa ukitaja kona ya korona wanadhani unazungumzia maradhi. Shikamoo ziliongezeka. Mastura, binti wa Idarusi, alimletea wali siku ya hitima, akapiga goti kumwandalia, akaondoka kinyumenyume. Laurenti alikula. Asubuhi aliketi palepale, uso umeelekea upande ambao fimbo ilikuwa ikitokea.

Uweso alikuja kuaga siku ya kurudi Dar es Salaam. Gari lilikuwa linamngoja, injini inanguruma. Hakuingia. Alisimama barabarani, mahali baba yake alipozoea kusimama. Mama yake alikuwa amemfundisha maneno ya kusema, hilo lilikuwa dhahiri, maana aliyasema polepole, kama mtu anayebisha hodi nyumba asiyoijua.

"Mpagazi. Hujafa tu?"

Laurenti alinyanyua kichwa. Jibu lilikuwepo mdomoni, limekaa hapo tangu asubuhi ile ya kipaza sauti. Alifungua kinywa alitoe. Nakungoja utangulie. Akasikia jinsi lilivyo, likielekezwa kwa mtu ambaye ndevu zake bado nyeusi, mwenye watoto wadogo na safari ndefu mbele. Kwa Idarusi lilikuwa salamu. Kwa huyu lingekuwa laana.

Akalimeza.

"Bado, mwanangu," alisema. "Nenda salama. Kwenye mteremko, tumia gia."

Gari likaondoka. Alilisikiliza mpaka mwisho wa mtaa. Dereva alishika breki kabla ya kona.