Vipimo vya Syuhada

Hazirah ni fundi cherehani wa mji wa Pasir Mas, na magauni ya sikukuu ya rafiki yake Syuhada aliyashona yeye tangu wamalize shule. Kwa hiyo mwezi wa Rajabu alipompima kifua akakuta pamepungua inchi nne, alipiga kigelegele.

"Hebu mwone! Kiuno cha nyigu!"

"Chai yangu hiyo, shoga. Si nawaambia kila siku hamsikii?"

Syuhada aliuza chai ya kupunguza mwili. Kila jioni alijirekodi kwa simu, ushungi umekaa sawasawa, gauni refu na pana, na wasichana wa mji mzima wakaagiza. Sisi watu wa huku tuna wazimu wetu: mtu akikonda tunampa hongera.

Mwezi wa Shaabani Syuhada alirudi kupimwa, gauni likapunguzwa. Mwezi wa Ramadhani akaja tena. Safari hiyo tepu ilipopita chini ya kwapa, kidole cha Hazirah kiligusa uvimbe, mgumu kama kokwa ya tende.

"Hiki nini, Syu?"

"Shusha sauti, Mama yuko nje."

"Kesho twende hospitali."

"Baada ya sikukuu. Watu wananunua mwili huu, Zira. Wakisikia naumwa, nani atakunywa chai yangu? Niapie hutamwambia Mama."

Hazirah akaapa. Hilo ndilo kosa lake, nami simtetei. Tena akaongeza jingine: akatia bitana nene kifuani na mabegani, gauni lisimning'inie. Siku ya Idi familia nzima ilivaa kijani, na hakuna aliyependeza kama Syuhada. Mama yake, Mama Som, alimshika Hazirah mikono akamshukuru.

Baada ya sikukuu ikawa baada ya harusi ya binamu, kisha baada ya mzigo mpya wa chai. Hospitali alifikishwa amebebwa. Mwezi wa Mfungo Nne akafa.

Wanawake walimwita Hazirah akate sanda. Alikunjua kitambaa cheupe, akafungua daftari la vipimo. Mama Som, aliyeketi karibu, akauona ukurasa wa mwanawe: vipimo vitatu vya gauni la Idi, viwili vimekatwa kwa mstari.

"Ulimpima mara tatu, mwanangu. Hukuona kitu?"

Hazirah alilifunga daftari.

"Niliona, Mama. Aliniapisha."

Mama Som aliutoa mkasi mkononi mwa Hazirah, akaanza kukata mwenyewe, upogo, huku macho yamejaa machozi haoni anapokata.