Madamu Marceline Alivyosahihisha Posa

Kasungami nzima hapakuwa na lengalenga, mchicha wetu, yenye majani mapana kama ya Madamu Marceline, na siri yake haikuwa mbolea. Ilikuwa makosa ya Kiingereza. Najua mtu asiyemjua mama yule atadhani natania, basi na asikilize.

Marceline Mutale alizaliwa Mufulira, ng'ambo ya mpaka, wakati baba yake akichimba shaba kwa Waingereza. Alisomeshwa na masista wakali mpaka Kiingereza kikamkaa mdomoni. Baba alipofariki, shangazi yake Brigitte alivuka mpaka, akamchukua yeye na sanduku moja la bati, nusu nguo nusu vitabu, akamleta Lubumbashi, mtaa huu wa Kasungami. Baadaye shaba yetu ikaanza kupitia Zambia kwa wingi kwenda baharini, na kila ofisi ikatafuta mtu wa kujibu simu ya Ndola. Watu walikuwa na Kifaransa cha kutosha kugombana na karani wa ofisi ya komini, lakini Kiingereza, bure kabisa! Hapo ndipo Marceline akapigilia mabati manne ubavuni mwa nyumba ya shangazi, akatafuta ubao na chaki, akawa mwalimu.

Wanafunzi wake walikuwa watu wazima: makarani, madereva, fundi mmoja wa saa. Walikuja king'ora cha kazi kikishalia, mara tatu kwa wiki, na wote walimwita Madamu. Serikali ilitaka waitane sitwayene, yaani raia, na majina ya ubatizo ilikwisha yafuta kwenye karatasi zote, lakini sheria hiyo haikuwahi kufika chini ya mabati yale.

Makosa mengine Madamu aliyavumilia. Ukikosea wakati uliopita alikunja uso tu. "Hayo yamekwisha pita," alisema, "hata ukiyavuruga hayaharibiki zaidi. Lakini kesho bado haijafika. Ukiitengeneza vibaya, utaikuta vibaya." Kwa hiyo kosa la wakati ujao lilikuwa na adhabu yake: ndoo moja ya maji, kutoka kisimani hadi kwenye matuta ya mboga.

Na jamani, walivyokosea! Mmoja anasimama na kifua chake: "Tomorrow I will to go." Ndoo. Mwingine anaona amejifunza: "My wife will cooks." Ndoo. "Baada ya *will* kitenzi kinasimama uchi!" Madamu anapiga ubao. "Hakina *to* mbele, hakina *s* nyuma. Uchi kama siku kilipozaliwa!" Wanaume wanacheka mpaka wanashika mbavu. Kisha anatokea yule wa "When I will arrive", kwa kuwa Kifaransa kinataka hivyo, na Madamu anafunga macho kama mtu aliyeumwa jino. "Acheni Kifaransa mlangoni pamoja na viatu! Semeni *when I arrive*. Huyo *will* abaki upande wa pili wa sentensi, huko ndiko kazi yake iliko." Ndoo mbili, maana aliyesema ni karani mkubwa.

Hakuishia darasani. Siku moja mjini aliona kibao dukani, "We will opens Monday", akachomoa kalamu yake nyekundu, akaifuta ile *s* mbele ya mwenye duka, akaondoka bila kununua hata kiberiti. Kwa miaka kumi na saba macho yake yalizoea kuona kitenzi kwanza. Mtu alikuja nyuma ya kitenzi, kama alikuja. Wanaume waliojaribu kumsogelea walisahihishwa mmoja mmoja wakatawanyika, na akafika miaka thelathini na minane akiwa na kalamu na shangazi, basi.

Sasa, Faustin Mwenze. Mwanaume wa miaka arobaini na miwili, mfiwa wa mke, mtoto wa reli toka upande wa Kalemie, kazi yake kuandika namba za mabehewa ya shaba yanapotoka. Mpole, mrefu, kofia mkononi. Wakubwa wake walikuwa wamemchagua kwenda Ndola miezi sita kujifunza kazi ya mpakani. Mtihani Jumanne, treni Jumamosi mchana. Alikuwa mwanafunzi bora wa darasa, na bado alibeba ndoo kuliko wote. Kila kipindi lazima akosee moja, mwishoni mwishoni. Wenzake wanarudi makwao, yeye anabaki anamwagilia lengalenga na kuuliza habari za Mufulira. Madamu alikuwa anamsikitikia. Mtu wa akili hivi, mbona hashiki?

Ijumaa kabla ya mtihani aliwapa wote kazi ya nyumbani: andika sentensi kumi juu ya mambo utakayofanya mwaka kesho.

Jumapili asubuhi Madamu alikuwa mezani na karatasi za wale waliokwisha leta alipobisha hodi Mukuka, jirani yake Mwenze. Amevaa abakosti, lile koti la heshima lisilotaka tai, imepigwa pasi, mikononi ana sahani mbili zimefunikana, na juu ya kifuniko karatasi imekunjwa vizuri.

Mtu wa ukoo wa Mutale aliyekulia kwao, si kwa masista, angeelewa kwa kuona tu. Kwa watu wale, mwanaume haendi kuomba mke kwa mdomo wake. Anamtuma mshenga na sahani mbili, ndani ushanga mweupe. Mshenga haelezi kitu, maana kueleza ni kukosa adabu. Anaziweka kwa wazee wa msichana na kunyamaza. Wakizishika sahani, kuna maneno ya kuzungumza. Wakizirudisha, hakuna, na haulizwi mtu sababu. Lakini Mukuka ndiyo kwanza anatumwa ushenga katika maisha yake, na mchezo wa mpira ulikuwa karibu kuanza redioni.

"Shangazi yuko?" aliuliza.

"Iko misa, ba Mukuka. Karibu mukae."

Hapo mshenga mwenye akili angegeuka akarudi jioni. Mukuka akaziweka sahani mezani, katikati ya karatasi za wanafunzi. "Mwenze njo amenituma," akasema, akanyamaza kwa adabu yote.

Madamu akaona sahani, akadhani karanga. Wanafunzi walipenda kumletea karanga, samaki wakavu, mayai, hasa mtihani ukikaribia, na yeye alikuwa na msimamo wake: hali cha mwanafunzi kabla ya mtihani, asije mtu akasema alinunuliwa. Kifuniko hakukigusa. Karatasi aliifungua, maana ilikuwa kazi ya nyumbani, au siyo?

"Next year I will to build a house of two rooms." Atajenga nyumba ya vyumba viwili. Akaifuta *to*. "When I will come back from Ndola, the teacher of English will cooks in this house." Atakaporudi kutoka Ndola, mwalimu wa Kiingereza atapika katika nyumba hiyo. Loo! Makosa mawili katika mstari mmoja! Akayachinja yote mawili. Akashuka hivyohivyo mpaka sentensi ya mwisho, "She will be agree?", yaani je, mwalimu atakubali, na hapo akaandika pembeni kwa herufi kubwa nyekundu: 4/10. RUDIA.

"Mumupelekee," alimwambia Mukuka, akairudisha karatasi juu ya sahani na sahani mikononi mwake. "Mumwambie mi sipokeage sahani."

Mukuka alitazama ule wino, akamtazama Madamu, akafungua mdomo, akakumbuka kwamba mshenga haulizi. Akaenda zake.

Jumatatu Mwenze hakuja darasani. Atakuwa anajisomea, Madamu alijiambia. Jumatano hakuja pia, ingawa fundi wa saa alisema mtihani amepasi, wa kwanza kwenye orodha. Wa kwanza, na hakuja hata kusema asante? Madamu alifundisha vibaya siku ile. Alitoa ndoo kwa mtu aliyesema sawasawa, ikabidi amwombe radhi, jambo ambalo halijawahi kutokea. Jioni alisimama kwenye matuta akashika ndoo mwenyewe, na alijisikia mpweke. Lengalenga zilikuwa zilezile.

Alhamisi shangazi Brigitte alirudi sokoni na kikapu kitupu. Hakuwa amenunua kitu kwa hasira.

"Weye Marceline! Juu ya nini ulirudisha sahani ya bantu?"

"Sahani gani, Shangazi?"

"Sahani gani! Yo! Soko muzima iko inaseka. Mwalimu alimupatia mwanaume nne juu ya kumi! Mukuka alionyesha bantu ile karatasi kule ku baa!"

"Lakini zilikuwa karanga..."

"Ulifunua?"

Marceline aliitazama meza, pale sahani zilipokuwa.

"Ushanga, mutoto wangu! Mulikuwa ushanga mweupe!" Shangazi akajitupa kitini. "Na yule mwanaume ni muntu wa mbali, desturi yetu aliiulizia kwa bantu apate kuifanya muzuri. Kila siku anakosea makusudi apate kubaki na ndoo, na weye unaona tu verbe, verbe, verbe! Sasa anaenda Ndola siku ya posho, kesho kutwa ile, na dada zake kule Kalemie bamekwisha kumutafutia mwingine."

Marceline alikaa. Aliona haya mpaka masikio yakawaka. Sentensi zote kumi zilimrudia kichwani, na safari hii hazikuwa na kosa hata moja: nyumba, vyumba viwili, dirisha linaloangalia bustani, kisima cha karibu ili mwalimu asichoke. Mtu alikuwa amemfungulia moyo, yeye akakagua mlango. Na kitu kilichomuuma kuliko aibu ni kwamba jibu alikuwa nalo. Alimtaka. Alikuwa anamtaka tangu mvua zilizopita, ila hakuna aliyemuuliza kwa namna aliyoweza kuisikia.

"Shangazi, mupeleke neno. Museme nilikosa."

"Mi? Bibi-arusi anatuma watu kuomba aombwe? Hiyo hakuna mahali iko. Tutachekwa mpaka Kipushi." Akaanza kuvua viatu, ishara kwamba mazungumzo yamekwisha.

Jumamosi asubuhi ilikuwa salongo, kazi ya lazima ya mtaa. Kasungami yote ilikuwa barabarani na majembe na sepeto kuchimba mtaro, huku kijana wa chama akitembea na daftari na kupiga kelele kila mtu aliyenyoosha mgongo. Mwenze alikuwa mtaroni mpaka magotini. Sanduku lake la safari lilikuwa tayari ukingoni, kofia juu yake. Treni mchana.

Watu walinyoosha migongo wote kwa pamoja, na kijana wa chama akasahau kupiga kelele. Madamu Marceline alikuwa anakuja katikati ya barabara, kitenge cha kanisani, sahani mbili kichwani zimefunikana. Nyuma yake, mbali, shangazi Brigitte alikuwa anakimbia na kiatu kimoja, anaita jina la Mungu.

Marceline alisimama ukingoni. Akashusha sahani, akafunua kifuniko. Ndani palikuwa patupu.

"Mwenze," alisema. "Ile ya kwanza sikufunua. Nilizania karanga."

Mtu mmoja alicheka, mwenzake akampiga kiwiko. Mwenze alifuta mikono kwenye suruali, taratibu. Akatia mkono mmoja mfukoni, ukatoka na kitambaa kilichofungwa fundo, ushanga ndani. Alikuwa anakwenda nacho Ndola. Akanyoosha mkono kuelekea sahani.

"Hapana! Hapana, hapana, hapana!" Mukuka alitoka mtaroni kama aliyeumwa na siafu. "Munataka kuniua na haya? Nyie wawili hamuwezi kupeana! Rudini nyuma!" Akamnyang'anya Marceline sahani, akamnyang'anya Mwenze ushanga, akautia ndani, akafunika. Akamsukuma Mwenze hatua tatu huku na Marceline hatua tatu kule. Akafunga vifungo vya shati lake lililojaa udongo, akazibeba sahani hizo hatua sita, polepole, akanyooka mbele ya shangazi Brigitte aliyekuwa ndiyo kwanza anafika na kuhema. Safari hii hakuwa na haraka ya mpira.

Shangazi alizipokea, maana mikono yenyewe iliinuka. Desturi ingempa wiki mbili za kufikiri. Alilitazama sanduku la safari, akatazama jua. Kisha akamgeukia mtoto wa kaka yake, akauliza lile swali ambalo wazee huuliza, mbele ya majembe yote ya Kasungami.

"Huyu muntu, unamujua?"

Marceline alifuta machozi kwa pindo la kitenge chake.

"Namujua, Shangazi," alisema. "Nilimusahihisha bila kumusoma."

Shangazi Brigitte hakusema ndiyo, lakini sahani hakuzirudisha. Aliziweka zile sahani kichwani, ushanga ukalia kidogo ndani, akageuka na kushika njia ya nyumbani na kiatu chake kimoja, bila kumuaga mtu. Mwenze alibaki mtaroni ameegemea sepeto, anacheka na kulia kwa pamoja, na hata kijana wa chama hakumwambia aendelee kuchimba.