Masikio ya Baba Mkwe

Kabla sijamshika baba mkwe masikio, nilikuwa nimeshika ya karibu kila mtu mwingine nyumbani kwetu.

Si masikio yenyewe hasa. Chini kabisa ya sikio, kwa nyuma, kati ya taya na ule mfupa unaochomoza, kuna kishimo. Mgonjwa akifunga koo wakati wa nusu kaputi, yaani zile nyuzi za sauti zikijibana na hewa isipite, unabonyeza vishimo hivyo viwili kwa nguvu huku unasukuma taya mbele, na mara nyingi koo huachia. Nilivisoma katika kitabu kikuukuu, nikavitazama kwenye video mpaka bando likaisha, kisha nikaanza kuvitafuta kwa watu.

Mimi ni muuguzi wa usingizi katika hospitali moja huku Kyela. Kozi niliisoma na cheti ninacho, lakini koo likifunga nilikuwa sijawahi kuliona kwa macho yangu. Niliambiwa tu kwamba jambo hilo likija halipigi hodi. Mimi ni mtu ambaye hurudi kutoka stendi kuhakikisha kama kweli amefunga mlango, halafu hurudi tena kuhakikisha kwamba hakuufungua wakati anahakikisha. Kwa mtu kama huyo, maneno yale ni ugonjwa kamili. Basi nikajifundisha mwenyewe, usiku na mchana, juu ya kichwa chochote kilichokuwa karibu.

Mume wangu alivumilia kwa muda. Halafu jioni moja aliinua kichwa kwenye mto, akaniambia kwa upole sana, "Mke wangu, naomba leo nilale bila kuokolewa."

Nikahamia kwenye vyungu. Barakoa ya oksijeni isipobana vizuri usoni, hewa huvuja pembeni, na nilihitaji uso usiolalamika. Nilikwenda sokoni Lyulilo, wanakoleta vyungu kwa mitumbwi, nikawa navishika kimoja kimoja shingoni na kubana kiganja mdomoni.

"Dada," muuzaji akaniuliza, "unachagua chungu au mchumba?"

"Natafuta chenye uso wa mtu mzima."

Akamgeukia mwenzake, wakasemezana kwa lugha yao ya Kikisi, wakacheka mpaka mmoja akakaa chini. Chungu nilinunua. Kiko chumbani hadi leo, na hakijawahi kufa mikononi mwangu.

Mtu mmoja tu sikuthubutu kumjaribia, naye ni baba mkwe. Kwetu Wanyakyusa, mke hamkaribii baba wa mumewe. Hamtazami usoni, halitaji jina lake, hapazi sauti mbele yake, na akimwona anakuja njiani hujibanza kando mpaka apite. Siku hizi wengi wamelegeza. Baba mkwe hajalegeza. Anaishi Ngana, kwenye mpunga na kakao yake, nami nimejificha nyuma ya migomba yake kiasi kwamba naijua mmoja mmoja kwa tabia. Naye ni muungwana: akikaribia nyumba hukohoa kwa nguvu, ili nipate nafasi ya kutoweka.

Sasa mzee huyo akaota jipu. Likaota kwenye kalio, likawa kubwa kama embe, homa ikapanda. Muuguzi mwenzangu wa usingizi alikuwa safarini. Tulipotaja hospitali ya Mbeya, baba mkwe aliuliza kupitia kwa mama mkwe, "Nitakalia nini garini mpaka huko?" Ikabaki mimi.

Nilimhoji nikiwa nyuma ya pazia, mama mkwe ameketi katikati kama mkalimani wa nchi mbili zinazozungumza lugha moja.

"Mama, muulize baba kama amekula chochote tangu jana."

"Anauliza umekula?"

"Nimesikia. Mwambie sijala."

"Hajala."

"Muulize kama anakohoa."

"Mwambie nakohoa kwa heshima yake," alisema baba mkwe. "Nisimkute njiani."

"Mwongo!" mama akaruka. "Wiki nzima unakohoa hata ukiwa peke yako shambani. Huko unamheshimu nani, kakao?"

Miaka yote nilisikia kile kikohozi nikakimbilia migomba, wala sikuwahi kujiuliza kama kinatoka kwenye adabu au kwenye mapafu. Kumbe ana mafua, na juu ya mafua tumbaku ya kiko. Koo la namna hiyo lina hasira. Tone la mate tu linatosha kulifanya lijifunge. Kama ingekuwa upasuaji wa kungoja, ningemrudisha nyumbani mpaka mafua yaishe kabisa. Lakini jipu lenye homa halingoji mtu.

Nikajiandaa kama anayeoza binti. Mashine ya kufyonza mate niliiwasha, nikaizima, nikaiwasha tena kuona kama imekumbuka. Nilimpa dawa ya kukausha mate mapema. Sindano ya kulegeza misuli, ile ya mwisho kabisa koo likigoma, niliivuta tayari nikaiweka karibu na mkono wa sista aliyekuwa ananisaidia, nikamwonyesha ilipo, nikamwonyesha tena, mpaka akasema, "Nimeiona, mama. Hata nikizeeka nitaikumbuka."

Baba mkwe alikuwa na sharti moja. Akiwa amelala kwa ubavu mezani, alimwambia ukuta, "Anifunike macho." Mama alikuwa ametoa kitenge chake. Alitaka kifunike uso mzima, nikamwambia lazima niione midomo isije ikabadilika rangi. Tukakubaliana macho tu, naye mama akatoka akakaa mlangoni.

Nikampa ketamini. Akalala. Nikaweka barakoa, mfuko wa hewa uliounganishwa nayo ukawa unajaa na kunywea vizuri, nikaanza kupumua na mimi. Ndipo kitenge kikateleza.

Ketamini humlaza mtu bila kumfumba macho. Nalijua hilo, nimelisoma, nimeliona kwa wagonjwa wengi. Lakini macho ya baba mkwe sikuwa nimewahi kuyaona, na sasa yalikuwa wazi, makubwa, yananitazama moja kwa moja.

"Shikamoo, baba," nikasema.

Sista aligeuka akawa anatazama dirisha, mabega yanamtetemeka.

"Nianze?" daktari akauliza. Alikuwa kijana wa Tanga, mgeni huku. Nilitazama vidole vya mgonjwa: vilikuwa bado vinachezacheza. Usingizi ulikuwa mwepesi, na kumkata mtu katika usingizi mwepesi ndiko hasa kunakoliudhi koo. Alihitaji dawa zaidi. Nikajibu, "Bado."

Nilijibu kama mkwe. Macho chini, sauti ya kumwambia kifaranga siri. Daktari hakusikia kitu, akadhani nimekubali, akakata.

Kwanza ukaja mlio mwembamba, kama wa jogoo anayejifunza kuwika. Kisha mlio ukakatika. Kifua kikabonyea ndani huku tumbo likiinuka, kikabonyea tena, na mfuko haukutikisika hata kidogo. Kitabu kilisema mlio ni habari mbaya na kimya ni mbaya zaidi. Ilikuwa kimya.

"ACHA!"

Sauti hiyo ilikuwa yangu. Daktari aliinua mikono juu kama aliyekamatwa. Sista akafungua oksijeni yote, nami nikafyonza mate yaliyokuwa yamejaa nyuma ya ulimi. Halafu mikono yangu ikaenda kwenye masikio ya baba mkwe, na karibu kabisa ya kufika, ikasimama hewani. Naona aibu kulisema, lakini ilisimama. Kipimo cha oksijeni kilichobanwa kidoleni mwake kilikuwa kinalia, na kila mlio ulikuwa mzito kuliko uliopita, maana hewa ilikuwa inapungua kwenye damu.

"Samahani, baba," nikasema, nikambonyeza.

Nilimbonyeza kwa nguvu zote nilizowanyima watu wa nyumbani kwangu. Vishimo vilikuwa palepale. Nikasukuma taya mbele, viganja vikibana barakoa isivuje, nikamwambia sista aubane mfuko taratibu na asilazimishe, maana hewa ya kulazimishwa huishia tumboni. Mfuko ulikuwa mgumu kama mpira wa miguu. Macho yake yalikuwa yananitazama. Nilikuwa nafungua kinywa kusema "choma ile sindano" nilipohisi kitu kikiachia chini ya vidole, na mfuko ukalegea mkononi mwa sista. Hewa iliingia na mlio kidogo. Kisha bila mlio. Kipimo kikaanza kupandisha sauti, mimi nikaanza kulia, na vidole sikuviondoa mpaka daktari aliponiomba.

Nikaongeza dawa, nikangoja vidole vyake vitulie, ndipo nikasema "Anza," na nadhani walisikia mpaka Kasumulu. Jipu likatoka salama.

Wakati wa kuamka nilikataza mtu kumgusa. Sista alizoea kuwapigapiga wagonjwa mashavu. Nikamwambia nusu ya kuamka ndiyo saa mbaya, amwache alale ubavu mpaka aamke mwenyewe. Baba mkwe akaanza kusema na dari. Alikuwa anaruka juu ya mto Songwe wa mpakani, na watu wa forodha walikuwa wanamkimbiza kwa chini. "Waambie sina mzigo," alinung'unika. "Ni kalio tu."

Kesho yake alilalamika kwamba kidonda hakiumi sana, ila nyuma ya masikio kunauma kama amegombana na mtu. Mama, aliyekuwa ameketi mlangoni muda wote ule, akamweleza. Nilimsikia kutoka nyuma ya pazia: "Ni mkweo. Alipiga kelele, nikajua kuna mwizi." Nilijua imekwisha. Nimemshika, nimemtazama, nimempigia kelele. Lililobaki ni kurudishwa kwetu na chungu changu.

Alipopona tulikwenda Ngana. Nilikuwa uani nasuuza sufuria niliposikia kikohozi, nikasikiliza kwanza. Kilikuwa kikavu, kifupi, cha adabu tupu. Nikajibanza nyuma ya mgomba wangu wa siku zote. Nyayo zilikuja, zikafika usawa wangu, na badala ya kupita zikasimama.

"Wewe mgomba," alisema baba mkwe, ameutazama mpunga, "kuna mtu namshukuru. Mwambie ndaga fijo." Akakuna nyuma ya sikio. "Na umwambie siku nyingine apige kelele mapema."

Mgomba hauna mdomo. Nikavuta pumzi.

"NDIYO, BABA!"

Kuku wakatawanyika uani. Baba mkwe aliruka kidogo, akashika kalio, akaendelea na njia yake akikohoa.