Dakika Kumi za Fundi wa Mtandao

Khabari za kifo chake nilizipata Jumatano asubuhi kwa kaka yake, na alasiri tukamzika. Wengi wenu hamkumjua. Alikuwa fundi wa kompyuta, mwanamke wa makamo, mzaliwa wa mtaa wa Ng'ambo hapa Unguja, na maisha yetu yote tulizungumza mara mbili tu. Mara ya kwanza nilimpigia kelele.

Miaka michache iliyopita mama yangu aliteleza kwenye ngazi za nyumba yetu ya Mji Mkongwe, akaumia shingo. Katika hospitali ndogo tuliyompeleka, daktari alimpiga picha, lakini hakuthubutu kumwinua kitandani mpaka daktari bingwa wa Dar es Salaam aione. Picha ilikuwa itumwe kwa mtandao. Haikwenda. Asubuhi ileile fundi huyu alikuwa amemaliza kuweka kinga, wenyewe wanaiita fayawoli, kwa sababu wiki moja nyuma virusi vya kompyuta vilifuta mafaili ya wagonjwa. Nilitazamia kuona kisanduku ukutani, nisikione. Ndani ya kompyuta moja kubwa inayotumia mfumo wa Linux alikuwa ameunda kompyuta nyengine kadhaa zisizoshikika kwa mkono, na moja kati ya hizo akaifanya mlinzi: kila kinachoingia na kutoka kipite kwake kwanza.

Mkuu wa hospitali alimsimamia kichwani. "Iondoe hiyo kinga yako, sasa hivi!"

"Virusi bado vimo kwenye mashine mbili, mzee. Nikiiondoa vitaenea, na picha yenyewe tunaweza kuipoteza. Nnaomba dakika kumi. Zikipita, nitaiondoa kwa mkono wangu."

"Mama'ngu hana dakika kumi!" nilipiga kelele, na nikaongeza maneno ambayo sitayaandika hapa.

Aligeuka akanitazama. "Kosa ni langu, kaka. Barua pepe nimeziruhusu, njia ya kutolea picha nimeisahau." Akarudi kwenye kazi yake. Akakosea herufi, akafuta, akaandika tena. Mimi macho kwenye saa. Dakika ya sita. Ya saba. Ya nane picha ikaondoka, na hatukupumua mpaka bingwa alipopiga simu: mfupa umepasuka, mishipa ya fahamu ni mizima, asafirishwe amelazwa na shingo imefungwa. Leo mama anatembea.

Mara ya pili tulikutana sokoni Darajani. "Mama hajambo?" aliniuliza. Nikajibu hajambo, nikaona haya kuomba radhi, nikajiambia nitamtafuta. Sikumtafuta.

Jana, baada ya hitma ya kumwombea marehemu, nilimsimulia mama kisa chote. Akasema, "Kumbe ulimtukana, na yeye ndiye aliyekwambia kweli?"

Siku hizi kompyuta zimeenea, kutoka bandarini mpaka hoteli za Bwejuu, na wanaozitunza tunawakumbuka siku zinapogoma tu. Fundi yule angeweza kusema mtandao wa Dar ndio mbovu, na nani kati yetu angejua? Angeweza pia kuiondoa kinga ili tunyamaze. Alikiri kosa mbele ya watu wenye hasira, kisha akalirekebisha bila ya kuharibu kazi. Fundi wa namna hiyo mimi namkabidhi mama yangu. Na wewe msomaji, ikiwa uliwahi kumpigia mtu kelele kama nilivyofanya mimi, mwendee leo, angali anaweza kukuitikia.